Mkasi wa Nduli: Barbet Schroeder, Idi Amin na Nyuso Zilizonyamaza

Kwa miaka kadhaa hapa Tottenham palikuwa na saluni ya nywele iliyokuwa mali ya mama mmoja kutoka Uganda, Sarah Kyolaba. Saluni za namna hiyo ni nyingi mtaani kwetu, na mpita njia asingekuwa na sababu ya kugeuka mara mbili. Lakini mama huyo aliwahi kuwa mke wa rais. Aliolewa na Idi Amin Dada mjini Kampala mwaka 1975, wakati wakuu wa nchi za Afrika walipokusanyika huko kwa mkutano wa OAU, na husimuliwa kwamba msimamizi wa bwana harusi alikuwa Yasser Arafat. Amin alipopinduliwa, Sarah alimfuata uhamishoni. Baadaye waliachana, akapitia Ujerumani, akaishia London. Alifariki hapa Juni 2015.

Naanza na saluni hiyo kwa sababu wengi wetu humfikiria Amin kama mtu wa mbali, wa vitabuni na wa vichekesho. Sivyo. Waliomkimbia na waliokimbia pamoja naye wamekuwa wakipanda basi moja la 149 katika High Road hii hii. Historia yake ni ya majirani zetu.

Mwezi wa pili mwaka huu wanachama wanne wa chama chetu tulikutana chumbani kwangu, karibu na kituo cha Seven Sisters, kutazama filamu ya mwaka 1974 inayoitwa kwa Kifaransa Général Idi Amin Dada: Autoportrait, yaani Jenerali Idi Amin Dada: Picha Aliyojichora Mwenyewe. Tulimwalika pia jirani yangu, mzee wa Kiganda aliyefika London mwaka 1977. Ilipofika sehemu ambayo Amin anashindana kuogelea na watu wake, kisha anashinda kama ilivyotarajiwa, sisi vijana tuliangua kicheko. Mzee hakucheka. Alisubiri tutulie, halafu akaniambia, "Rudisha nyuma kidogo, mwanangu. Usimtazame yeye. Watazame wale wengine."

Nikarudisha. Makala haya yametokana na maneno hayo ya mzee. Nataka kueleza aliyeitengeneza filamu hiyo ni nani, aliipataje, ilikatwa vipi, na kwa nini nadhani sisi wanafunzi wa Kiswahili tunapaswa kuisoma kwa kuwatazama wale wasiosema.

Mtu wa sinema ya Ufaransa

Barbet Schroeder kwa pasipoti ni Mswisi, lakini kwa kazi ni mtoto wa sinema ya Ufaransa. Alizaliwa Tehran, Iran, mwaka 1941. Baba yake, Mswisi, alikuwa mtaalamu wa jiolojia, na mama yake, Mjerumani, alikuwa daktari. Sehemu ya utoto wake aliipitisha Kolombia kabla ya kufika Paris, ambako alisoma falsafa katika chuo cha Sorbonne. Kwa hiyo tangu mwanzo alikuwa mtu wa kuhamahama, aliyezoea kuwa mgeni.

Paris ya wakati ule ilikuwa ikiwaka moto wa sinema mpya. Vijana waliokuwa wakiandika uhakiki katika jarida la Cahiers du cinéma walikuwa wamechoka na filamu za studio zilizotengenezwa kwa mapambo na fedha nyingi. Walitaka kamera nyepesi, barabara za kweli, waigizaji wasio na majina na hadithi za maisha ya kawaida. Miongoni mwao walikuwa Jean-Luc Godard, François Truffaut na Éric Rohmer. Schroeder naye aliandika katika jarida hilo, kisha mwaka 1962, akiwa bado kijana wa miaka ishirini na kitu, akaanzisha pamoja na Rohmer kampuni ya kutengeneza filamu iliyoitwa Les Films du Losange. Kampuni hiyo ndiyo iliyozitoa filamu nyingi za Rohmer, ikiwemo Ma nuit chez Maud ya mwaka 1969.

Mwaka 1965 kampuni hiyo ilitoa Paris vu par..., filamu yenye vipande sita vya waongozaji sita. Mmoja wao alikuwa Jean Rouch, yule mwanaanthropolojia aliyetumia sehemu kubwa ya maisha yake akipiga filamu Niger na nchi jirani za Afrika Magharibi. Nalitaja hili kwa makusudi. Swali la Mzungu mwenye kamera mbele ya Mwafrika halikuwa geni kwa Schroeder alipopanda ndege kwenda Entebbe.

Schroeder alianza kuongoza filamu zake mwenyewe mwaka 1969 kwa More, hadithi ya vijana wanaoangamia kwa heroini katika kisiwa cha Ibiza. Mwaka 1972 akatoa La Vallée, kuhusu Wazungu wanaotafuta pepo ya kale katika milima ya Papua Guinea Mpya. Muziki wa filamu zote mbili ulipigwa na kundi la Pink Floyd. Ukizitazama pamoja utaona jambo moja linamsumbua: mtu anayevutwa na kitu kinachoweza kumwangamiza, naye mwongozaji hamhukumu. Anakaa kando anatazama. Tabia hiyo ya kutohukumu ndiyo aliyokwenda nayo Kampala.

Kampala, 1974

Msomaji atakumbuka hali ilivyokuwa. Amin alichukua madaraka tarehe 25 Januari 1971 kwa kumpindua Milton Obote. Mwezi wa nane mwaka 1972 aliwapa Waasia siku 90 waondoke nchini. Watu wapatao 27,000 kati yao waliingia Uingereza. Mwezi uliofuata Jaji Mkuu Benedicto Kiwanuka alikamatwa na hakuonekana tena. Mwaka huo huo Frank Kalimuzo, Makamu Mkuu wa Chuo Kikuu cha Makerere, naye alitoweka. Makadirio ya waliouawa katika miaka minane ya utawala ule yanatofautiana sana, na idadi inayotajwa mara nyingi ni 300,000.

Huko ndiko Schroeder alikokwenda na mpigapicha wake Néstor Almendros. Mbinu yake ilikuwa rahisi. Hakwenda kama mpelelezi, wala hakumbishia rais. Alimwachia Amin achague wapi waende, nini kipigwe picha na yeye aonekane vipi. Ndiyo maana ya lile jina: mchoraji wa picha ni Amin mwenyewe. Hata sehemu ya muziki tunaousikia ni akodiani, kile kinanda cha kuvutavuta, anayoipiga Amin.

Amin alifurahi sana. Katika filamu anasafiri kwa mashua mtoni huku akionyesha kwa kidole tembo na mamba, kana kwamba na wao ni raia wake waliokuja kumpokea. Anaongoza mazoezi ya kijeshi ya kuiteka milima ya Golan kutoka kwa Israeli, na jeshi lenyewe ni vifaru vichache na askari wanaokimbia katika kilima cha Uganda. Anacheza ngoma, anacheka, anaogelea, anadai kwamba anaijua siku ya kufa kwake. Ni mtu mwenye haiba, hilo halikatai yeyote aliyeiona filamu. Ukijisahau, utampenda.

Hapo katikati Schroeder anaweka mkutano wa Baraza la Mawaziri. Amin anakaa mbele, mawaziri wamejipanga kuzunguka meza na kalamu zao, kama wanafunzi siku ya mtihani. Anawafokea kuhusu kazi zao, na zaidi anailaumu Wizara ya Mambo ya Nje kwa kutoitetea Uganda ulimwenguni. Waziri wake ni Michael Ondoga. Kamera inamtafuta, inamkuta. Kisha sauti ya msimulizi, bila kupanda wala kushuka, inatueleza kwamba wiki mbili baadaye mwili wa waziri huyo ulikutwa katika mto Nile.

Ukishasikia hivyo, kila kitu ulichokiona kabla kinageuka. Unakumbuka ile mashua, mto ule na mamba wale. Hivi ndivyo Schroeder alivyofanya kazi yake. Habishani na Amin. Anamwacha aseme, halafu anaweka ukweli mmoja mdogo kando yake. Wenye lugha yetu husema mdomo uliponza kichwa. Katika filamu hii mdomo wa Amin unamponza Amin mwenyewe.

Mkasi

Schroeder alijua kwamba filamu kama hiyo isingempendeza mwenyewe. Kwa masimulizi yake, alitengeneza matoleo mawili: moja fupi la saa moja hivi, alilompelekea Amin na ambalo Amin alilipenda, na jingine refu zaidi kwa ajili ya watazamaji wa nje. Toleo refu lilipofika Uingereza, Amin aliwatuma watu wake wakalitazame. Walikaa ndani ya ukumbi wa sinema wakaandika kila kilichosemwa, na maandishi yao yakapelekwa Kampala. Kwa maneno mengine, mtu wa kwanza kufanya uhakiki wa kina wa filamu hii alikuwa jasusi.

Amin alimwandikia Schroeder akidai sehemu fulani ziondolewe. Jumla yake ilikuwa dakika mbili na nusu hivi. Schroeder alikataa. Ndipo Amin alipowakusanya Wafaransa wanaoishi Uganda, karibu 200, akawafungia katika hoteli moja iliyozungukwa na wanajeshi, na akawapa namba ya simu ya nyumbani kwa mwongozaji huko Paris. Wakaelezwa kwamba kuachiwa kwao kunategemea yeye. Hebu fikiria kuipokea simu ya namna hiyo, kisha nyingine, kisha nyingine tena, kila moja ikitoka kwa mtu usiyemjua anayekuomba uhai wake.

Schroeder alikata. Lakini palipokatwa hakupaficha. Mahali pa kila kipande kilichoondolewa aliweka maandishi yanayomweleza mtazamaji kwamba hapa pameondolewa kitu kwa matakwa ya Jenerali Amin. Amin alipoanguka mwaka 1979, vipande vile vilirudishwa mahali pake.

Kuna walimu wa historia wanaotufundisha kwamba hati iliyochanwa nayo ni hati, mradi ujue nani aliichana. Toleo lile lililokatwa ni ushahidi mzuri kuliko hotuba yoyote ya Amin, kwa sababu linaonyesha namna serikali yake ilivyofanya kazi: ilichukua watu wasiohusika, ikawatia hofu, halafu ikawafanya wao ndio wabebaji wa ujumbe. Waganda walikuwa wakiishi hivyo kila siku. Tofauti ni kwamba wale Wafaransa walikuwa na namba ya kupiga.

Kitu kingine kinachonigusa ni hiki. Miaka zaidi ya kumi baadaye, Schroeder alipokuwa Marekani akihangaika kutengeneza Barfly ya mwaka 1987, kampuni ya filamu ilitaka kuuacha mradi. Husimuliwa kwamba aliingia katika ofisi ya mkuu wa kampuni akiwa na msumeno wa umeme, akatishia kujikata kidole iwapo filamu haitatengenezwa. Ikatengenezwa. Watu huisimulia habari hiyo kama kichekesho cha Hollywood. Mimi nikiisoma kando ya habari ya mwaka 1974 naona kipimo chake: kidole chake mwenyewe alikuwa tayari kukiweka rehani kwa ajili ya filamu, lakini si roho za watu 200.

Wale wengine

Sasa nirudi kwa maneno ya mzee. Tuliporudisha nyuma tukatazama tena, filamu ilikuwa nyingine. Katika bwawa la kuogelea kuna wanaume wenye nguvu wanaojua wasifike wa kwanza. Katika Baraza la Mawaziri kuna mmoja anayeandika bila kuinua kichwa. Katika mkutano na madaktari, Amin anawahutubia watu waliosoma kuliko yeye, na nyuso zao ni tupu kabisa, si za kukubali wala za kukataa. Mzee aliziita "nyuso za kazini". Alisema mwenyewe alikuwa na uso wa namna hiyo, aliuvaa asubuhi akauvua usiku, na mke wake alimwambia siku moja kwamba siku hizi anausahau hadi kitandani.

Hapa ndipo ninapomdai Schroeder. Katika filamu nzima, anayepewa nafasi ya kujieleza ni Amin. Waganda wanaonekana, lakini hawasikiki. Ni kweli kwamba mwaka 1974 kumwuliza Mganda swali mbele ya kamera kungekuwa sawa na kumhukumu kifo, na pengine kuwaacha wanyamaze kulikuwa njia ya kuwalinda. Lakini matokeo yake ni kwamba mtazamaji wa Paris au London angeweza kutoka ukumbini akidhani Uganda ni Amin, na Amin ni Uganda. Schroeder mwenyewe aliihisi hatari hiyo. Filamu inafunga kwa msimulizi kuwakumbusha watazamaji wa Ulaya kwamba, baada ya karne ya ukoloni, kwa sehemu fulani sura wanayoiona ni yao wenyewe iliyopindwa. Ni kauli ya haki. Amin alilelewa na jeshi la kikoloni la King's African Rifles, alikoingia mwaka 1946 kama msaidizi wa mpishi. Lakini hata kauli hiyo inazungumza na Wazungu kuhusu Wazungu. Waganda bado wamekaa kimya pembeni.

Walikuwepo Waganda waliosema. Byron Kawadwa, mwandishi na mwongozaji wa tamthilia, aliyekuwa mkuu wa Jumba la Taifa la Maonyesho mjini Kampala, aliipeleka tamthilia yake Oluyimba lwa Wankoko Lagos katika tamasha la FESTAC mwaka 1977. Baada ya kurudi alichukuliwa na watu wa usalama, akauawa. Mwaka huo huo, mwezi wa pili, Askofu Mkuu Janani Luwum naye aliuawa. Kawadwa hakuwa na mhariri Paris, hakuwa na matoleo mawili ya kazi yake, moja la rais na moja la dunia. Tunapomsifu mwongozaji mgeni kwa ujasiri wake, na anastahili sifa, tumweke na Kawadwa katika ukurasa mmoja.

Kiswahili cha vizuizini

Kuna jambo linalotuhusu sisi moja kwa moja. Katika sehemu kubwa ya filamu Amin anazungumza Kiingereza, tena Kiingereza ambacho watazamaji wa Ulaya walikicheka. Kicheko hicho kilifanya kazi ya kumfanya aonekane mpumbavu tu. Lakini Kiingereza hakikuwa lugha yake ya amri. Jeshi alilokulia liliendeshwa kwa Kiswahili, na ni serikali yake iliyotangaza Kiswahili kuwa lugha ya taifa ya Uganda mwaka 1973.

Nilimwuliza mzee alijifunzia wapi Kiswahili chake, maana anakizungumza vizuri kwa lafudhi ya Kampala. Akacheka kidogo. "Kwenye vizuizi vya barabarani," akasema. "Maneno yangu ya kwanza yalikuwa 'toa kitambulisho' na 'lala chini'." Wengi wetu katika chama hiki tumezoea kuisifia lugha hii kama lugha ya umoja, ya ushairi, ya biashara ya pwani. Yote ni kweli. Lakini kwa Waganda wengi wa kizazi chake ilikuwa pia lugha ya mtu mwenye bunduki. Tukishangaa kwa nini Uganda ilichelewa kukipokea Kiswahili mashuleni, jibu moja liko hapo.

Halafu historia ikafanya kinaya chake. Mwishoni mwa mwaka 1978 majeshi ya Amin yalivamia Kagera, na Tanzania ikamwita "nduli", neno ambalo hadi leo wazee wetu hawalitaji bila jina lake kufuatia. Tarehe 11 Aprili 1979 Kampala ilikombolewa na wanajeshi wa Tanzania pamoja na Waganda waliokuwa uhamishoni. Mzee hakuwepo, alikuwa ameshafika London. Lakini dada yake alimwandikia kwamba alisikia watu wanasema Kiswahili nje ya dirisha, akajificha chini ya kitanda, mpaka mmoja wao alipogonga mlango na kusema, "Hodi, mama, tunaomba maji." Akatambua kwamba askari wa nduli hawakuwa na desturi ya kupiga hodi.

Hakuna kamera iliyopiga picha hiyo. Nimeiandika hapa ili iwe na mahali pa kukaa.

Alichojifunza mwongozaji

Schroeder hakuishia Uganda. Aliendelea na filamu za kubuni Ufaransa na baadaye Marekani, ambako Reversal of Fortune ya mwaka 1990 ilimpa Jeremy Irons tuzo ya Oscar na yeye mwenyewe akateuliwa kwa tuzo ya mwongozaji bora. Lakini mara mbili alirudi kwenye swali la Kampala. Mwaka 2007 alitoa L'Avocat de la terreur, kuhusu Jacques Vergès, wakili aliyewatetea wapigania uhuru wa Algeria na baadaye akamtetea Klaus Barbie, ofisa wa Gestapo. Mwaka 2017 alitoa Le Vénérable W., kuhusu Wirathu, mtawa wa Kibudha wa Myanmar aliyehubiri chuki dhidi ya Waislamu. Mwenyewe huziita filamu hizo tatu kwa pamoja utatu wa uovu.

Ukizitazama kwa mfululizo utaona mabadiliko. Mbinu ya kumwachia mhusika ajieleze ni ile ile, na Vergès na Wirathu wanajifunua kwa midomo yao kama Amin. Ila safari hii hawako peke yao. Katika filamu ya Vergès kuna mashahidi wengi wanaomzunguka, wengine wakimsifu, wengine wakimkanusha. Katika filamu ya Wirathu kuna waandishi wa habari, kuna watawa wenzake wanaompinga, kuna picha za mitaa iliyochomwa. Sijui kama mwongozaji angekubali kwamba hilo ni sahihisho la filamu ya mwaka 1974. Mimi nalisoma hivyo. Miaka zaidi ya thelathini baadaye, wale wengine wamepewa sauti.

Kwa Uganda yenyewe, nafasi hiyo imejazwa polepole, tena mara nyingi na wageni au majirani. Mwaka 1981 Sharad Patel wa Kenya alitoa Rise and Fall of Idi Amin, ambamo Mkenya Joseph Olita alimwigiza nduli kwa kutia chumvi nyingi. Mwaka 2006 ikaja The Last King of Scotland, na Forest Whitaker akapata Oscar baada ya kujifunza Kiswahili na kupiga akodiani kwa ajili ya nafasi hiyo. Zote mbili, kama ile ya kwanza, zinamtazama Amin. Jina lake ndilo linalouza tiketi.

Ndiyo maana naona kazi iliyobaki ni yetu. Hapa Tottenham, kati ya Seven Sisters na Bruce Grove, wako watu wenye umri wa mzee wangu wanaozikumbuka nyuso za kazini kutoka ndani. Wako Waganda, wako Waasia waliopewa siku 90, wako Watanzania waliopigana Kagera au waliozika ndugu zao. Kila mwaka wanapungua. Sisi tuna simu zenye kamera, tuna lugha, na tunajua kupiga hodi. Napendekeza chama chetu kianze kuwarekodi muhula ujao, kwa Kiswahili kwa yeyote anayependa, na kwa lugha nyingine yoyote kwa yule ambaye Kiswahili bado kinamkumbusha kizuizi.

Mzee wangu amekubali kuwa wa kwanza. Ametoa sharti moja tu: atakaporekodiwa, tusimwulize habari za Amin. Anataka kutueleza kuhusu mtu aliyekuwa akikaa naye meza moja ofisini, ambaye siku moja hakuja kazini, na ambaye jina lake hajawahi kulisikia likitajwa katika filamu yoyote.